Mumiani: Jinsi Hadithi ya Kutisha Inavyosafiri

Tarehe 1 Oktoba, 2016, watumishi watatu wa Taasisi ya Utafiti wa Kilimo ya Selian, Arusha, walikuwa kazini katika kijiji cha Iringa Mvumi, wilaya ya Chamwino, mkoa wa Dodoma. Wawili kati yao walikuwa watafiti na mmoja alikuwa dereva. Kazi iliyowaleta ilikuwa ni uchunguzi wa udongo. Walidhaniwa kuwa ni wanyonya damu, na yowe likapigwa. Kwa mujibu wa taarifa za magazeti ya wakati ule, habari hiyo ilitangazwa pia kwa kipaza sauti cha kanisa. Umati wa watu ulikusanyika kwa muda mfupi. Watumishi hao wakauawa, na miili yao pamoja na gari lao vikachomwa moto.

Kulihukumu tukio hilo ni kazi ya mahakama. Makala haya yanalichunguza kwa upande wa sayansi, kwa kuuliza swali moja tu: hadithi ambayo hakuna aliyepata kuithibitisha ilipataje nguvu ya kuwakusanya watu wengi kwa muda mfupi namna ile, na kwa nini hakutokea wa kuisimamisha njiani? Wengi hujibu upesi kwamba sababu ni ujinga. Jibu hilo halitoshi, kwa maana hadithi za namna hii zimeenea pia katika miji mikubwa na katika nchi ambazo karibu kila mtu amesoma. Hapana budi kuitazama hadithi yenyewe, namna ilivyoundwa, na vyombo vinavyoichukua.

1. Asili ya neno na hadithi

Neno mumiani limetoka mbali. Katika Kiajemi, mumiya au mumiyai lilikuwa jina la kitu cheusi kama lami kilichopatikana katika miamba na kutumiwa kama dawa ya mifupa iliyovunjika na majeraha. Neno hilo liliingia katika Kiarabu na katika lugha za Bara Hindi, na kwa njia ya biashara likafika katika pwani ya Afrika ya Mashariki. Wazungu nao walilichukua, na kutokana nalo wakapata jina wanaloiita maiti iliyokaushwa ya Misri ya kale.

Katika pwani yetu, dawa hiyo nyeusi ilizua swali: imetengenezwa kwa kitu gani? Kwa kuwa waliokuwa wakiitumia hawakuona inapotengenezwa, watu walijijibu wenyewe kwamba ni damu ya binadamu iliyogandishwa. Mwaka 1923, gazeti la Mambo Leo lilipoanza kutolewa Dar es Salaam, suala la mumiani liliandikiwa barua kwa mhariri mwaka huo huo. Kamusi ya Kiswahili na Kiingereza iliyohaririwa na Frederick Johnson na kuchapishwa mwaka 1939 ilieleza kwamba uvumi wa kutafutwa kwa mumiani ukianza mjini, watu huingiwa na hofu hata wasitoke nje baada ya jua kutua. Baadaye neno lilihama maana: lililokuwa jina la dawa likawa jina la mtu anayedhaniwa kuitafuta.

Hadithi haikubaki pwani. Ilipanda bara pamoja na reli, misafara na vibarua, na kila ilipofika ilivaa mavazi ya mahali pale. Nchini Kenya na Uganda waliotuhumiwa walikuwa wazimamoto, wenye magari mekundu na mipira mirefu ya maji. Katika nchi ambayo sasa ni Zambia waliitwa banyama, na katika Katanga waliitwa batumbula. Mwanahistoria wa Kimarekani Luise White, aliyekusanya masimulizi hayo katika kitabu kilichotolewa mwaka 2000, alionyesha kwamba hadithi hizi zilikuwa njia ya watu kuzungumzia mambo yaliyowatatiza katika utawala wa kikoloni: sindano, kazi za usiku, magari yaliyofungwa, na wataalamu waliochukua vitu bila kueleza wanavipeleka wapi.

Hapa pana jambo la kwanza la kuzingatia. Mumiani hana sura maalumu. Leo ni mzimamoto, kesho ni daktari, keshokutwa ni mtafiti mwenye mfuko wa udongo. Msimulizi huachiwa nafasi tupu, naye huijaza kwa mgeni yeyote aliye mbele yake. Hadithi ambayo mhusika wake ana uso na jina hufa mhusika huyo anapokufa. Ile ambayo mhusika wake hana uso huweza kudumu miaka mia moja.

2. Popobawa: hadithi yenye amri ndani yake

Mfano wa pili unatoka Zanzibar. Mapema mwaka 1995, kisiwani Pemba, zilienea habari za kiumbe kilichoitwa Popobawa, kilichosemwa kuwa huwavamia watu usiku wakiwa wamelala. Habari zikavuka hadi Unguja, kisha Dar es Salaam. Watu wengi walilala nje, wakikaa pamoja mbele ya moto. Katika mji wa Zanzibar kijana mmoja mwenye maradhi ya akili, aliyekuwa amekwenda huko kutafuta matibabu, aliuawa kwa kudhaniwa kuwa ndiye kiumbe hicho. Hofu kama hiyo ilirudi tena katika miaka iliyofuata, ikiwa ni pamoja na mwaka 2007 huko Dar es Salaam.

Sayansi ya usingizi inaeleza sehemu ya jambo hili. Katika kipindi cha usingizi ambacho binadamu huota ndoto nyingi, ubongo huzuia misuli mingi ya mwili isifanye kazi, ili mwenye kuota asitende anayoyaota. Mara nyingine mtu huamka kabla kizuizi hicho hakijaondoka. Macho huona chumba, lakini mikono na miguu haisogei. Kifua huhisi kizito, na mtu aweza kuona au kusikia kitu kilicho karibu naye. Hali hiyo hudumu kwa sekunde chache au dakika chache, kisha hupita bila madhara. Waswahili waliijua tangu zamani na kuiita jinamizi. Mtu aliyepatwa na jinamizi usiku ambao jirani zake wote wanazungumza habari za Popobawa huwa na jina tayari la kukiita kile alichokihisi.

Lakini jinamizi huwapata watu katika kila nchi na kila mwaka, na haliwezi peke yake kueleza kwa nini hofu ilienea mwaka 1995. Jibu limo ndani ya hadithi. Ilisemwa kwamba aliyevamiwa hana budi kuwaeleza watu wengine, la sivyo Popobawa atamrudia. Hadithi hiyo, kwa hiyo, ilibeba amri ya kusimuliwa. Kunyamaza kulikuwa na adhabu, na kusema kulikuwa na kinga. Mwanafunzi aliyewahi kupokea kwenye simu ujumbe unaomwambia autume kwa watu kumi asije akapatwa na balaa ataitambua hila hiyo mara moja.

Hadithi ilipochukuliwa na vyombo vya habari vya dunia, ilibadilika tena. Kwa kuwa jina lina maneno popo na bawa, wachoraji na watunzi wa nchi za nje walimchora kiumbe mwenye mabawa ya popo na jicho moja. Wenyeji wengi walieleza kuwa jina lilitokana na kivuli cheusi kilichotanda kama bawa, na kwamba pepo huyo hakuwa na umbo moja. Vyombo vya picha havipendi kiumbe asiyechoreka; kilichokuwa kivuli kikalazimika kuwa mnyama.

3. Slender Man: hadithi ambayo siku yake ya kuzaliwa inajulikana

Ugumu mmoja wa kuchunguza mumiani na Popobawa ni kwamba hakuna ajuaye nani aliwasimulia mara ya kwanza. Kwa sababu hiyo wataalamu hupata faida katika kuilinganisha na hadithi ya Marekani ambayo mwanzo wake umeandikwa. Tarehe 10 Juni, 2009, Eric Knudsen, akitumia jina la kubuni, alionyesha kwenye intaneti picha mbili za zamani alizozigeuza kwa kompyuta katika shindano la kutengeneza picha za kutisha. Nyuma ya watoto waliopigwa picha alimweka mtu mrefu kupita kiasi, mwenye suti nyeusi na asiye na uso. Alimwita Slender Man, yaani Mtu Mwembamba.

Kila mtu aliyeziona picha hizo alijua, au angeweza kujua, kwamba ni za kubuni. Hata hivyo, katika mwezi ule ule watu wengine walianza kutengeneza mfululizo wa video juu yake. Mwaka 2012 ukatolewa mchezo wa kompyuta, na mwaka 2018 filamu ya sinema. Kati ya hapo, tarehe 31 Mei, 2014, katika mji wa Waukesha, jimbo la Wisconsin, wasichana wawili wenye umri wa miaka 12 walimchoma mwenzao kisu mara 19, wakisema walitaka kumridhisha Slender Man. Mtoto huyo alinusurika.

Msomaji ataona mambo mawili hapa. La kwanza, kiumbe huyu naye hana uso. Nafasi tupu imeachwa kwa kila mtunzi. La pili, hadithi ilipohama kutoka picha kwenda video, na kutoka video kwenda mchezo, ilipoteza ile alama iliyosema kuwa ni ya kubuni. Anayeikuta katika chombo cha tano hawezi kuona mahali ilipoanzia. Kusoma na kuandika, peke yake, hakukuwakinga watoto wale wa Wisconsin.

4. Hesabu ya uvumi

Wanasaikolojia wa Kimarekani Gordon Allport na Leo Postman, katika kitabu chao cha mwaka 1947, walitoa kanuni rahisi: nguvu ya uvumi inategemea uzito wa jambo kwa msikilizaji, mara kiasi cha utata wa habari zenyewe. Alama hapa ni ya kuzidisha. Kama jambo halimgusi msikilizaji hata kidogo, au kama habari zake ziko wazi kabisa, jibu ni sifuri na uvumi hufa. Katika majaribio yao, kadiri ya asilimia 70 ya maelezo ilipotea baada ya habari kupita katika vinywa vitano au sita. Yaliyobaki yalikuwa machache, makali zaidi, na yaliyolingana na yale ambayo wasikilizaji walikuwa wakiyaamini tangu mwanzo.

Mwendo wa uvumi waweza kuhesabiwa kwa mfuatano wa jiometri ambao mwanafunzi wa sekondari anaufahamu. Chukua mfano wa mtu mmoja anayewaeleza watu 3, na kila mmoja wao anawaeleza watu wengine 3 ambao hawajasikia. Hatua zinakwenda hivi: 1, 3, 9, 27, 81, 243, 729, 2,187. Baada ya hatua 7 jumla ya waliosikia ni 3,280. Kama kila hatua inachukua dakika 10, idadi hiyo inafikiwa katika muda wa saa moja na dakika 10.

Sasa chukua kwamba katika kila wasikilizaji 3, mmoja anaamua kunyamaza mpaka apate uhakika. Ukiwahesabu wanaoendelea kusimulia, mfuatano unakuwa 1, 2, 4, 8, 16, 32, 64, 128, na jumla yao ni 255. Kama wawili kati ya kila 3 wananyamaza, mfuatano unakuwa 1, 1, 1, 1 na kuendelea. Baada ya hatua 7 jumla ya wasimulizi ni 8 tu. Tofauti kati ya 3,280 na 8 haikuletwa na askari wala sheria. Imeletwa na watu wawili kati ya kila watatu waliojizuia kusema jambo wasilolijua. Hii ndiyo hesabu ile ile inayotumika katika kuzuia magonjwa ya kuambukiza: si lazima kila mtu awe na kinga, inatosha waliokingwa wawe wengi kiasi cha kuufanya ugonjwa ukose pa kupita.

Katika maisha halisi mfuatano hauendelei bila kikomo, kwa kuwa msimulizi hukutana na watu waliokwisha kusikia, naye huona hakuna haja ya kuendelea. Mwaka 1964 wanahisabati D. J. Daley na D. G. Kendall walionyesha kwamba, katika kielelezo cha namna hiyo, uvumi hufifia wenyewe kabla ya kumfikia kila mtu. Kadiri ya mtu mmoja kati ya watano hausikii kabisa. Uvumi wa mdomo, basi, una breki yake ya asili.

5. Yowe, kipaza sauti na simu

Kwa hesabu hiyo, tukio la Chamwino linaeleweka vizuri zaidi. Katika vijiji vya Ugogo, kama kwingineko nchini, yowe ni desturi njema. Anayesikia yowe hana budi kutoka, awe na shughuli gani. Desturi hiyo imeokoa watu wengi kutokana na moto, wanyama wakali na wezi wa mifugo. Lakini yowe limeundwa kwa ajili ya hatari inayoonekana. Simba akiwa zizini hakuna haja ya kuuliza ushahidi; kila atakayefika atamwona. Yowe linapopigwa kwa ajili ya hatari ya kudhaniwa, watu hufika na utii ule ule, ila wanachokikuta ni mtu mgeni, na wingi wao wenyewe huwa ndio ushahidi. Kila mmoja huona wenzake mia wamekuja, akaamini kuwa mia hao wamehakikisha.

Kipaza sauti huongeza jambo jingine. Katika masimulizi ya mdomo, kila kiungo cha mnyororo ni mtu, na kila mtu ni nafasi ya swali: nani amesema, na yeye alionaje? Kipaza sauti hufuta viungo vyote. Hatua moja tu inawafikia wote, na hakuna awezaye kukiuliza kipaza sauti swali. Zaidi ya hayo, kinaongeza heshima ya mahali kilipofungwa. Neno lililotoka katika nyumba ya ibada halisikiki kama uvumi.

Simu za mkononi zimekusanya sifa zote hizo mahali pamoja. Zina kasi ya kipaza sauti, na zina sauti ya ndugu au rafiki anayeaminika. Mtu anayeweka ujumbe katika kundi la watu 100, kisha kila mmoja akaupeleka katika kundi jingine la watu 100, amewafikia watu 10,000 katika hatua ya pili. Nchini India, tarehe 1 Julai, 2018, watu 5 waliuawa katika kijiji cha Rainpada, jimbo la Maharashtra, kwa uvumi wa wezi wa watoto uliokuwa ukienezwa kwa simu. Mwezi huo huo kampuni ya WhatsApp ilianza kupunguza nchini humo idadi ya mahali ambapo ujumbe waweza kusambazwa kwa mara moja hadi 5, na mwaka 2019 kikomo hicho kikawekwa duniani kote. Mwanafunzi atatambua kwamba hatua hiyo ni ile hesabu ya sehemu ya 4: kupunguza kizidishio.

Wala si lazima kuwe na simu. Mwaka 2017, kusini mwa Malawi, katika wilaya za Mulanje na Phalombe, uvumi wa wanyonya damu ulisababisha vifo vya watu wasiopungua 9. Serikali iliweka amri ya kutotembea usiku, na Umoja wa Mataifa ukawaondoa watumishi wake katika wilaya hizo. Hasara ya uvumi, kwa hiyo, haiishii kwa waliouawa. Wataalamu wa afya na kilimo wakiogopa kufika, kijiji hubaki bila chanjo, bila mbegu bora na bila vipimo vya udongo. Katika nyanda za kati, ambako mvua ya mwaka ni milimita 500 hadi 600 tu katika sehemu nyingi, elimu ya udongo si anasa.

6. Namna ya kukata mnyororo

Kutokana na kanuni ya Allport na Postman, kuna mahali pawili pa kushika. Uzito wa jambo hauwezi kupunguzwa. Usalama wa watoto na wa damu ya mtu utakuwa mzito daima. Kinachoweza kupunguzwa ni utata.

Wajibu wa kwanza ni wa watafiti. Mgeni anayechimba udongo au kutoa damu bila kueleza huzalisha utata kwa mikono yake. Barua ya kibali iliyopelekwa wilayani haisomwi na mama aliye shambani. Hapana budi mtafiti ajulishwe kwa wananchi na viongozi wa kijiji na kitongoji, aeleze kazi yake kwa lugha inayofahamika, afuatane na mwenyeji, na kubwa kuliko yote, arudi kuleta majibu. Sampuli isiyorudi na majibu ndiyo mbegu ya mumiani.

Wajibu wa pili ni wa shule. Mwalimu wa baiolojia anayefundisha damu anayo nafasi nzuri. Mtu mzima ana damu kadiri ya lita 5. Anayejitolea damu hospitalini hutolewa mililita 450 hivi, kwa hiari yake, na mwili hurudisha maji ya damu hiyo katika siku chache na chembe nyekundu katika wiki kadhaa. Damu iliyotoka nje ya mwili huganda katika dakika chache isipotiwa dawa ya kuzuia kuganda. Hata ikitiwa, hutunzwa katika jokofu lenye nyuzi 2 hadi 6 za Selsiasi, kwa wiki tano au sita tu. Mwanafunzi anayejua hayo ataona kwamba biashara ya damu inayosimuliwa, ya kumvamia mtu porini na kuondoka na damu yake katika chupa, haina mahali pa kusimama.

Wajibu wa tatu ni wa kila msikilizaji, nao ni maswali matatu: Nani aliyeona kwa macho yake? Je, anaweza kuulizwa sasa hivi? Kitapotea nini tukisubiri mpaka aulizwe? Swali la tatu ndilo lenye uzito zaidi. Mgeni anayeshukiwa akipelekwa kwa mtendaji wa kijiji au kituo cha polisi, na ikaonekana kuwa hana kosa, kilichopotea ni saa chache. Akipigwa kwanza na kuulizwa baadaye, hakuna jibu litakalomrudisha.

Zoezi la darasani

Mwalimu aandike habari fupi ya sentensi 12 juu ya tukio la kawaida, kama vile ajali ya baiskeli sokoni, bila kumtaja mtu anayejulikana. Wanafunzi 7 watoke nje. Wa kwanza asomewe habari hiyo mara moja, kisha amsimulie wa pili, wa pili amsimulie wa tatu, na kuendelea hadi wa saba, huku darasa likihesabu mambo yaliyobaki katika kila hatua. Matokeo yachorwe katika grafu: hatua kwenye mstari mlalo, idadi ya mambo yaliyobaki kwenye mstari wima.

Maswali

1. Katika zoezi hilo, ni mambo gani yalipotea mapema, na yapi yaliongezwa na wasimulizi? Eleza kwa nini.
2. Mtu mmoja anawaeleza watu 4, na kila mmoja anawaeleza 4. Tafuta jumla ya waliosikia baada ya hatua 5. Rudia hesabu kwa wanaoendelea kusimulia, ikiwa wawili kati ya kila wanne wananyamaza.
3. Linganisha mumiani na Slender Man kwa kuzingatia sura ya mhusika, chombo cha kwanza, na madhara yaliyotokea.
4. Kikundi cha watafiti kinatarajia kuja kijijini kwenu kuchukua sampuli za maji. Andika tangazo la maneno yasiyozidi 100 la kusomwa katika mkutano wa kijiji, litakaloondoa utata juu ya kazi yao.